Kibati Namba Tisa

Chumba cha Cherehani,
Nyuma ya Soko la Mitumba,
Jumapili, tarehe 14, baada ya chakula cha mchana.

Mpendwa mdogo wangu,

Pokea salamu zangu, na uzipokee ukiwa umekaa, maana leo nimenunua karatasi za kutosha. Hujambo? Mkeo hajambo? Yule binti yenu jino limeshatoka, au bado anawatafuna vidole? Na mgongo wako, ule unaokuuma kwa kuinamia tanuri la mikate tangu alfajiri, umepoa? Usinijibu kwamba ni mzima kabisa. Nakujua, hata ulipovunjika mkono utotoni ulisema unawasha tu.

Sisi huku hatujambo wote. Naliandika tena neno hilo kwa raha zangu: wote.

Mama yuko vizuri. Goti la kushoto linamsumbua asubuhi, likishapata jua linanyamaza. Anakuulizia kila siku, na kila siku namjibu kwamba uko salama na unakula, naye hilo la pili haliamini. Anasema muuza mikate halali njaa lakini hula makombo.

Sasa nikuombe radhi kwa simu zile mbili za Alhamisi. Ya kwanza nilikupigia nikilia, nikakwambia kaka yetu ametumbukia mtoni. Ya pili nilikupigia nikicheka na kulia kwa pamoja, nikasema yupo, ameonekana, na kabla sijafika kwenye jambo lenyewe simu ikazima. Usidhani nilikukatia. Chaji iliisha, na pa kuchajia hapakuwepo, kwa sababu mji mzima ulikuwa hauna umeme kwa ajili ya huyo huyo kaka yako.

Katika ile simu ya kwanza nilikusikia ukilia. Mtu hamjasemezana miaka kumi na mmoja, salamu zenu zinapitia kwangu kama mimi ni posta, nawe ukamlilia kwa sauti. Sikumwambia mtu mwingine ila yeye mwenyewe, na nitakueleza alifanya nini nilipomwambia. Ana swali anataka nikuulize. Liko huko mwishoni, basi usilikimbilie. Hata vitabu vya shule ulikuwa ukianzia nyuma.

Nianze na minara, maana ulipoondoka haikuwepo. Ile ya zamani uliyoijua ni fimbo tu mbele ya hii. Mmoja umesimama ukingo wa huku, juu ya kilima cha machimbo ya kokoto, na mwenzake uko ng'ambo, kwenye viwanja vya kufyatulia matofali. Katikati ni mto wote na upana wake, na nyaya zimeuvuka kwa mkupuo mmoja. Ukiutazama mnara kutoka chini shingo inauma. Mafundi wanasema ukiwa juu kabisa mapaa ya mji yanaonekana kama vipande vya vitambaa. Mimi vipande vya vitambaa naviona bure hapa sakafuni kwangu.

Nikwambie pia kwamba siku hizi ndimi ninayewashonea hao mafundi ovaroli. Viuno vyao vyote navijua, na nani kanenepa na nani mkewe kasafiri. Mwaka jana kitambaa cha rangi ya chungwa kiliadimika, nikawashawishi wachukue cha kijivu, kizito, kisichoonyesha uchafu. Nilijisifu sana kwa kile kitambaa. Kumbuka hilo, litakuja kunitia aibu huko mbele.

Ule utaratibu wa vibati upo vile vile ulivyouacha. Anayepanda anatundika kibati chake chenye namba kwenye ubao chini ya mnara, na akishuka anakitoa mwenyewe, kwa mkono wake. Kibati kikiwa ubaoni umeme hauwashwi, hata aje nani. Na kibati cha mtu hakiguswi na mwingine. Msimamizi naye ni yule yule mnayemwita Bwana Utaratibu. Kazeeka, tumbo limetangulia, lakini ukali haujapungua hata robo.

Alhamisi hiyo umeme ulizimwa saa kumi na mbili asubuhi ili wabadilishe ile mipira mikubwa myekundu iliyopachikwa kwenye nyaya kuwaonya marubani. Kazi yenyewe hufanywa na mtu aliyekaa kwenye kigari kidogo cha magurudumu, kinachoning'inia juu ya waya, akijivuta mwenyewe kwa mikono kutoka mnara huu kwenda ule. Na nani mwingine wa kupanda kigari hicho kama si kaka yetu, Mjusi wa vyuma? Miaka ishirini na sita anapanda vyuma. Alitundika kibati chake namba nne, akapiga mluzi kama kawaida yake, akapanda. Ukungu ulikuwa umelala juu ya mto, mzito, lakini walisema utaondoka hivi punde.

Haukuondoka. Mwenzake aliyebaki kwenye mnara wa huku akawa hamwoni tena. Akamwita kwenye redio ya mkononi, kimya. Akaita tena na tena, kimya. Saa mbili wavuvi wa nyavu ndogo wakaleta kofia ngumu waliyoiokota ikielea, na ndani ya kofia imeandikwa nne.

Hapo ndipo walipokuja kuniita, nami nikakupigia wewe. Nisamehe. Niliona kofia, nikaona mto, nikajumlisha.

Nilifika kilimani nikiwa na futi ya kupimia bado shingoni. Boti mbili zilikuwa zinazunguka zikipiga maji kwa miti mirefu, na kila mti ukigonga kitu nilikuwa naivuta ile futi kwa mikono miwili. Wifi alikuwa amekaa juu ya lundo la kokoto, ameishika ile kofia mapajani. Nilijaribu kumshika mkono akaniambia niache.

Nyumbani majirani walishajaa. Walimwambia Mama kwa kuzunguka zunguka, kama watu wafanyavyo, mpaka akachoka nao akauliza moja kwa moja kibati cha mwanawe kiko wapi. Wakamjibu kiko ubaoni. Akasema, "Basi yuko juu. Aliye juu mngoje chini." Akaendelea kuchambua maharage yake. Wenyewe wakatazamana wakadhani uzee umemwingia. Mdogo wangu, katika mji mzima ule, na mafundi wake na vyeti vyao, aliyekuwa na akili asubuhi ile alikuwa Mama peke yake na ungo wake.

Kilimani kukazuka jambo jingine. Alikuja mhandisi kijana kutoka ofisi kuu, shati limepigwa pasi hata mikunjo inakata. Sitamsema vibaya, naye alikuwa na mzigo wake. Simu zilikuwa hazimwachi: pampu za maji zimesimama, hospitali inatumia jenereta na mafuta yanakwisha. Akamwambia Bwana Utaratibu kwamba kwa hali ilivyo kibati kile kitolewe, laini iwashwe, na utafutaji uendelee majini.

"Mwenye kibati hajashuka," Bwana Utaratibu akamjibu.

"Mzee wangu, mwenye kibati yuko mtoni."

"Basi na atoke mtoni aje akichukue."

Akaenda akaegemeza mgongo wake kwenye ule ubao, akakunja mikono juu ya tumbo, akawa kama mlango uliofungwa. Mimi mwenyewe, nikwambie ukweli, nilimchukia. Niliona anacheza na kipande cha bati wakati ndugu yangu anazama. Nilimwambia maneno ambayo nimeshamwomba msamaha, na suruali mbili nimemshonea bure.

Ilipofika saa nne ukungu ukapasuka, na ng'ambo ikaonekana. Kigari kilikuwa kule mwisho kabisa, kimegusa mkono wa mnara wa pili, kitupu. Fundi mmoja akatikisa kichwa akasema maskini, kigari kimekimbia chenyewe baada ya mwenyewe kuanguka. Wenzake wakaitikia, wakageuka kutazama maji tena.

Mimi sijui umeme. Lakini kamba za kuanikia nguo nimezifunga tangu sijaota meno ya pili. Kamba haikosi kulegea katikati, na ukitundika shati bila kibanio, upepo ukija shati huteleza kwenda pale palipolegea. Sijaona hata siku moja shati lililopanda lenyewe kwenda kwenye nguzo. Nikamvuta Bwana Utaratibu mkono wa shati, nikamwuliza, "Kile kigari nani amekisukuma kupanda?"

Alinitazama mimi, akautazama waya, akanitazama mimi tena. Halafu akampokonya mhandisi darubini. Alichunguza mnara wa ng'ambo muda mrefu, chuma kwa chuma, mpaka nikataka kumtikisa.

"Naona soli," akasema. "Soli mbili za viatu."

Soli tu, mdogo wangu! Mwili wote hakuuona, kwa sababu fundi hodari wa cherehani alimvika ndugu yake nguo ya rangi ya chuma akamkalisha juu ya chuma. Alikuwa pale pale pembeni ya kigari, amekumbatia mguu wa mnara kwa mikono na miguu, kichwa kimelala ubavuni mwa chuma, hajongei.

Wifi aliposikia alisimama akaanza kushuka kilima kwa miguu mitupu, kofia mkononi. Sisi wengine tukamfuata mpaka kwenye kivuko. Njiani Bwana Utaratibu alinieleza jambo, na nilipolielewa niliketi chini katikati ya kivuko bila kujali mafuta. Mkanda wa kaka ulikuwa haujafunguliwa kutoka kwenye kigari, na kigari kiko juu ya waya. Kile kibati kingetolewa saa tatu kama ilivyotakiwa, leo nisingekuwa nakuandikia barua ya namna hii.

Aliyepanda kumfuata ni Bwana Utaratibu mwenyewe, na vijana wawili nyuma yake. Ana miaka sita hajapanda, na lile tumbo nimelipima kwa mkono wangu. Alipumzika mara nyingi, kila mara tukidhani anashuka. Huko juu walikaa karibu saa nzima. Mikono ya kaka ilikuwa imejifunga, hata yeye mwenyewe alikuwa anaiambia ifunguke haifunguki. Bwana Utaratibu akawa anamfungua kidole kimoja kimoja huku akimsimulia habari za timu ya mpira, eti ilivyofungwa Jumamosi. Mwishowe wakamfunga kamba kwapani na kiunoni, wakamshusha.

Alishuka polepole akizunguka, macho kayafumba. Chini tulikuwa watu kama arobaini, pamoja na wafyatua matofali na tope lao mikononi. Hakucheka mtu.

Najua hupendi siku ile yako itajwe. Mimi sijaitaja hata mara moja katika barua zote nilizokuandikia, na lile jina walilokupa halijatoka kinywani mwangu. Leo naitaja kwa sababu yeye ameitaja. Ulikuwa kijana wa miaka ishirini na miwili, siku yako ya kwanza kwenye mnara mkubwa, mwili ukakataa ukiwa nusu ya safari. Yeye alikuwa juu yako. Badala ya kukushikia mkono akawapigia kelele wa chini wamshushe mtoto kwa kamba, anamtaka mama yake. Wakakushusha wakicheka, na yeye ndiye aliyekuita Furushi, na jioni mji mzima ukawa unakuita Furushi. Wiki haikuisha ukawa umeondoka.

Basi alipogusa ardhi mimi nilivua kandambili nikampiga nayo begani, pa, mbele ya watu wote, halafu nikamkumbatia nikashindwa kumwachia. Wifi alikuwa ameshamshika upande wa pili. Neno lake la kwanza halikuwa langu wala la mkewe. Alisema, "Kumbe ndivyo alivyojisikia."

Wifi akamwuliza nani. Akasema, "Mdogo wetu. Kumbe ndivyo alivyojisikia, nami nikamcheka."

Hujafa hujaumbika, wahenga walimaliza. Lakini sikumwambia hivyo. Kwa mara ya kwanza maishani nilikuwa na methali nikaimeza.

Kibati kilikuwa bado kiko ukingo wa huku, kwa hiyo ilibidi arudishwe kwa kivuko akakitoe mwenyewe. Watu wawili walimshikilia. Mikono ilikuwa inatetemeka hata haikamati ndoano, kilimponyoka mara tatu, na mtu wa kumsaidia hayupo kwa sababu hairuhusiwi. Yule mhandisi alitoka akaushikilia ubao usitikisike, basi. Mara ya nne kikatoka. Baada ya dakika kumi tukasikia mji wote huko chini unapiga kelele za furaha, kama kawaida umeme ukirudi, na walikuwa hawajui hata nusu ya walichokuwa wanashangilia.

Siku mbili zikapita. Anakula, analala, anaitazama mikono yake. Jumamosi nikaenda nikamsimulia habari za ile simu, kwamba nilipokwambia amezama ulilia mpaka nikakuomba mimi wewe unyamaze. Aliinuka akatoka nje, nikasikia anafungua sanduku lake la vyuma, anapekua. Akarudi na kibati. Namba tisa.

Mdogo wangu, ni chako.

Siku ile ulipofunguliwa kamba uliondoka ukitazama chini, ukaenda zako, kibati chako ukakiacha ubaoni. Wewe huenda hata hukumbuki. Bwana Utaratibu akagoma kuwasha laini. Watu wakakaa saa mbili gizani wakikungoja urudi ukakitoe, na hakuna aliyekuwa na uso wa kukufuata, na kaka ndiye hasa aliyekosa uso huo. Mwishowe akakitoa yeye kwa mkono wake. Ndiyo sababu alisimamishwa kazi wiki tatu mwaka ule, akatudanganya kwamba ni likizo. Sikuwa nalijua hilo. Hata wifi hakulijua. Miaka kumi na mmoja amekibeba kile kibati kwenye sanduku moja na spana zake, anapanda nacho na kushuka nacho.

Nilimwuliza kwa nini hakukutumia kibati chako. Akasema angeandika nini juu ya bahasha. Nikamwambia angeandika anwani, kama watu wengine. Alicheka kidogo, na hapo ndipo nilipoamini kwamba kweli tumempata.

Sasa amekigongea msumari ukutani kwenye chumba cha Mama, karibu na mlango, akakitundika. Amewaambia watoto wote kwamba mkono wa mtu usikiguse mpaka mwenyewe aje. Mama anakifuta vumbi kwa mbali na ncha ya khanga, na ameniapia kwamba hajakigusa.

Kazi hajaacha. Bwana Utaratibu amempa wanagenzi wapya awafundishe wakiwa chini. Wiki ijayo anaanza, na anasema somo la kwanza litakuwa jinsi mikono inavyoweza kumkataa mwenyewe, na kwamba hilo likitokea mtu aseme, asione haya. Unajua alichoniambia kuhusu redio? Ilikuwa kifuani pake, saa zote zile inamwita. Alikuwa anatusikia. Aliziona boti zinamtafuta chini yake. Mwanzo ni mikono iliyomkatalia kubonyeza, lakini baadaye, anasema, mkono mmoja ulilegea kidogo na angeweza, akaona haya kusema kwamba anaogopa. Aliona heri tumdhani amekufa. Alinieleza hayo akiwa amenipa mgongo.

Yote yalianza na kofia. Alikuwa amevuka katikati ya mto, ukungu umemfunika, haoni mnara wa mbele wala wa nyuma wala maji. Akavua kofia apanguse jasho, ikamponyoka, akasikiliza ianguke. Hakusikia kitu. Ndipo mwili ukamgeuka. Alijivuta mpaka ng'ambo macho kafumba.

Na swali lake ndilo hili, nimelinakili kama alivyolisema, na nilimrudishia mara mbili nihakikishe. Anauliza: wewe mikono yako ilitulia baada ya siku ngapi? Na ulifanya nini mpaka ikatulia? Anasema katika watu wote anaowafahamu ni wewe tu unayeweza kumjibu. Mkubwa anamwuliza mdogo, tena kwa adabu. Sikutegemea kuliona hilo kabla sijaingia kaburini.

Mimi sikulazimishi. Ulichotendewa kilikuuma, na aliyeumia ndiye anayejua pa kushika. Lakini nimechoka kuwa posta, na natamani siku moja nikae kati yenu nikiwa sina ujumbe wa mtu.

Mengine ni madogo. Paa la jikoni limeacha kuvuja baada ya kubadilisha mabati mawili. Binti wa kaka amefaulu mitihani yake na sasa anataka kusomea kazi ya baba yake, na nyumba ile imegawanyika pande mbili. Mimi niko upande wa binti. Kitambaa cha rangi ya chungwa nimekipata, marobota mawili, na kile cha kijivu kilichobaki nimekikata mapazia. Ovaroli ya kwanza ni ya Bwana Utaratibu. Inang'aa hata ukiwa umefumba macho, na kiunoni nimemwachia nafasi.

Nisalimie mkeo sana, umwambie ule mchoro wa gauni aliouomba nitautuma. Mbusu binti yenu, huyo mwenye jino. Wifi anakusalimu na anasema shemeji akija atalala chumba cha mbele, kitanda kimeshatandikwa, na anayetandika kitanda kabla ya jibu ni mtu mwenye imani. Mama hakutumi salamu. Anasema salamu zake utazikuta hapa.

Mungu aibariki mikono yako, inayokanda unga na iliyowahi kushika chuma. Akuamshe salama kila alfajiri, na tanuri lisikuunguze.

Ni mimi dada yako ninayekupenda, na sindano kwenye kola ya gauni kama kawaida,

Dada.

Ngoja, usikunje bado. Kaka ameingia nikiwa nalamba bahasha. Amesoma barua yote akiwa amesimama, hakufuta neno, hata lile la kandambili. Sasa anataka kalamu. Unaukumbuka mwandiko wake ulivyokuwa mzuri, hata walimu walikuwa wakimpa ubao awaandikie. Usishangae ukiona ulivyo hapa chini. Namwachia karatasi.

*Mdogo wangu. Nilikucheka. Nisamehe. Mwandiko ni mbaya kwa sababu mkono bado haujatulia. Kibati chako kipo msumarini. Mimi nilikitoa mara moja na halikuwa jukumu langu. Safari hii sikigusi. Njoo.*